Melina Mercouri na uraia wetu tulio ughaibuni

Ninaishi Athens na riziki yangu inatokana na kuhudumia wazee majumbani. Bibi ninayemtunza mtaani Kypseli ametundika picha ya Melina Mercouri jikoni, kando ya kalenda ya kanisa, na hukasirika akisikia mtu anamwita mwigizaji tu.

Mercouri alizaliwa hapa Athens mwaka 1920, katika ukoo wa wanasiasa. Filamu ya Stella ya mwaka 1955 ilimpa jina, kisha Never on Sunday, iliyoongozwa na Jules Dassin, Mmarekani aliyekuja kumwoa, ikampatia tuzo ya Cannes mwaka 1960. Lakini kinachonigusa mimi mhamiaji ni yaliyomfika mwaka 1967. Wanajeshi walipotwaa madaraka mwezi Aprili, alikuwa New York akiigiza jukwaani, na badala ya kunyamaza ili mali yake ya nyumbani isalimike, aliwashutumu hadharani. Walimvua uraia na kutaifisha mali yake. Akajibu kwamba alizaliwa Mgiriki na atakufa Mgiriki, na kwamba waziri aliyemfutia uraia alizaliwa fashisti na atakufa fashisti. Kitabu alichoandika kuhusu maisha yake, kilichotoka mwaka 1971, kilibeba kauli hiyo katika jina lake: Nilizaliwa Mgiriki.

Hapo ndipo ninapoitazama Tanzania kwa uchungu. Mgiriki akihamia Australia na kuchukua uraia wa huko, hubaki Mgiriki, na tangu uchaguzi wa mwaka 2023 wanaotimiza masharti hupiga kura hukohuko waliko. Mkenya naye ameruhusiwa uraia pacha na Katiba ya mwaka 2010. Mimi nikila kiapo cha Ugiriki, sheria yetu ya uraia ya mwaka 1995 inaniondolea Utanzania, hata kama sijawahi kuikosea nchi yangu lolote na kila mwezi ninatuma fedha za matibabu ya mama.

Wanaoitetea sheria hiyo husema kwamba mtu hawezi kuwa mtiifu kwa nchi mbili. Mercouri aliishi uhamishoni miaka saba, akarudi utawala wa kijeshi ulipoanguka mwaka 1974, akachaguliwa mbunge wa Piraeus mwaka 1977 na kuwa Waziri wa Utamaduni mwaka 1981. Ni yeye aliyesimama mbele ya mkutano wa UNESCO nchini Mexico mwaka 1982 kudai sanamu za Parthenon, hekalu la kale la Athens, zilizoko London, dai ambalo Wagiriki hawajaliacha hadi leo. Alipofariki New York mwaka 1994, mwili wake uliletwa Athens akazikwa kwa heshima za waziri mkuu. Sioni ni wapi miaka ya ugenini ilipunguza utii wake.

Hadhi maalumu ambayo Tanzania inatutengea sisi wa diaspora badala ya uraia pacha ni nafuu, na ninaipokea, ila si uraia. Ninachoomba Bunge lijadili ni uraia wenyewe, kwa kila aliyezaliwa Mtanzania.