Wenye Madhambi Ndio Wenye Mapazia

Hivi kwa nini kwenye filamu nyumba yenye siri chafu ndiyo yenye mapazia mazuri? Juzi mke wangu katuwekea *Crimson Peak* ya Guillermo del Toro, ya mwaka 2015. Nyumba zetu za Lamu mwazijua, sebule ni ya wote. Mama mkwe naye yupo na kahawa yake.

"Huyu bwana na yule bibi ni nani kwa nani?"

"Ni ndugu, mama. Baba mmoja, mama mmoja."

Akaridhika. Mimi niliyekwisha kuiona nikaanza kusaka rimoti, maana lile wanalofanya ndugu wale halitazamwi na mkwe. Rimoti kaikalia nani? Mama mkwe! Haya, mwambie ainuke.

Likafika lenyewe. "Astaghfirullahi!" Akajifunika uso kwa mtandio, jicho moja nje. Na mke wangu je? "Hebu tazama ile ngazi!" Watu wanavunja sharia ya Mungu, yeye kaona ngazi.

Hapo ndipo waniudhipo watu hawa wa filamu, wanaupamba uozo mpaka unautamani. Paa la jumba lile limetoboka, theluji yamwagika ukumbini, watu wasema sanaa. Langu likidondosha tone godoroni, naitwa mvivu. Udongo mwekundu ukichuruzika kwao ni uzuri, kuta zangu za matumbawe zikitoa chumvi ni aibu. Tena jumba lile walilijenga zima, ghorofa tatu, ndani ya studio huko Toronto, wakapiga picha, wakalivunja. Wakalivunja, jamani! Mimi saruji nakopa. Na Mji wa Kale ulivyotiwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2001, hata dirisha sitoboi bila kibali.

Halafu siri zao hukaa miaka! Kwenye *Stoker* ya Park Chan-wook, ya 2013, binti atimiza miaka 18, babake afa, ndiyo kwanza ajue kuwa ana ami. Mimi ami zangu nawajua hata madeni yao. Hapa ukipunguza nguru ukanunua dagaa, mtaa mzima wa Langoni wameshajua kabla hujawasha jiko.

Sasa mke ataka mapazia ya mahameli. Mahameli, kwa joto hili! Nikasema tungoje kwanza, maana stima ilikatika filamu haijaisha. Na yule aliyejifunika mtandio ndiye kila saa auliza: "Haijarudi tu?"