Filamu ya Potemkin Irudishiwe Muziki wa Meisel

Ni wachache mno wanaomtaja Edmund Meisel wanapozungumzia historia ya muziki wa filamu, ilhali mtunzi huyu, aliyezaliwa Vienna mwaka 1894 na kufariki Berlin mwaka 1930 akiwa na miaka 36 tu, ni miongoni mwa waliothibitisha mapema kwamba muziki wa filamu bubu haukuwa pambo la kuziba ukimya. Majumba mengi ya sinema ya wakati huo yaliridhika na vipande vya watunzi mashuhuri vilivyounganishwa kadiri huzuni au furaha ilivyojitokeza.

Mwaka 1926, filamu ya mwongozaji wa Kisovieti Sergei Eisenstein kuhusu uasi wa mwaka 1905 wa mabaharia wa meli ya kivita ya Urusi, Potemkin, ilipofika Berlin, Meisel, ambaye tayari alikuwa akitunga muziki wa tamthilia za kisiasa za mwongozaji wa Kijerumani Erwin Piscator, alipewa kazi ya kuitungia muziki, akaimaliza kwa takriban wiki mbili. Eisenstein alimhimiza ashikilie mapigo kuliko kitu kingine chochote, hasa katika sehemu ya mwisho, meli inapokwenda kukabiliana na kikosi cha majini cha serikali. Hapo ndipo ninapomwona Meisel katika ubora wake: ngoma na tarumbeta zinafuata mwendo wa mitambo, zinarudia, zinapanda, zinakaza, hata mtu akahisi kwamba injini yenyewe imeingia ndani ya okestra. Hakuna wimbo mtamu wa kumpumzisha msikilizaji, wala haukuhitajika.

Mwaka uliofuata aliitungia muziki filamu ya Walter Ruttmann inayoonyesha siku moja ya jiji la Berlin. Kwa masikitiko, nota zake kamili za okestra zilipotea, na waliokuja baadaye walilazimika kuujenga upya muziki huo kutokana na nota za piano.

Wapo wanaomlaumu kwa kisa cha London cha mwaka 1929, alipoagiza Potemkin ionyeshwe kwa mwendo wa polepole ili ilingane na muziki wake, jambo lililomuudhi sana Eisenstein. Lawama hiyo ni ya haki, lakini kosa la onyesho moja halitoshi kuitupa kazi nzima.

Watazamaji wengi waliizoea Potemkin kupitia toleo la Kisovieti la miaka ya 1970, lililowekewa vipande vya simfonia (tungo ndefu za okestra) za mtunzi wa Kisovieti Dmitri Shostakovich. Ninaziheshimu simfonia hizo, na ninajua kwamba ile ya 11 inahusu mwaka uleule wa uasi, 1905. Hata hivyo ziliandikwa zisimame peke yake ukumbini, na zinapokatwakatwa ili zifuate picha, filamu na simfonia zote mbili hupungukiwa. Tangu mwaka 2005, filamu iliyokarabatiwa ilipoonyeshwa katika tamasha la Berlin pamoja na muziki wa Meisel uliopangwa upya na Helmut Imig, waandaaji wa maonyesho hawana tena kisingizio cha kumwacha nje mtunzi aliyeiandikia filamu hiyo.