Nimegeuzwa mama, tena wa paka

Jamani mimi paka sikuwahi kumtaka. Mke wangu ndo kaja na boksi, nachungulia nakuta vitoto vinne, macho yamefumba, masikio yamelala kichwani kama yamegandishwa na gundi, mama yao siku ya pili haonekani. Kaniambia "baba nanihii, wewe si huwa unachelewa kulala?" Basi, ndo nikaajiriwa hivyo.

Nilidhani nawamiminia maziwa ya ng'ombe nimemaliza. Wapi! Yanawaharisha, na kitu chenyewe kina gramu 100 na ushee, kikiharisha tu umezika. Wana maziwa yao ya unga ya kopo, wanakunywa wao, mimi chai napiga ya rangi.

Na ni kila masaa mawili matatu, usiku na mchana. Saa nane usiku alamu hiyo, naamka nakoroga unga, nadondosha tone mkononi kupima joto, jicho moja nimefumba na mimi kama wao, ukimaliza wa nne yule wa kwanza keshaanza kulia upya. Halafu usimlaze chali kama mtoto wa binadamu, maziwa yataingia kwenye mapafu, analala kifudifudi kichwa kimeinuka kidogo. Na akiwa wa baridi humpi kitu mpaka apate joto kwanza, tumbo likiwa baridi halisagi chochote, kwahiyo mtu mzima na kitambi changu nakaa gizani na paka ndani ya shati.

Sasa sijafika kwenye lenyewe. Hawajui kwenda haja! Mama yao huwa anawalamba ndo wanaachia. Mimi huko sijafika na sifiki, nachukua pamba ya maji ya uvuguvugu nawafuta pale chini taratibuuu mpaka kitoke. Juzi bosi kapiga simu, mbona hupokei, na usingizi ule nikamjibu ukweli, "samahani bosi nilikuwa nakojolesha." Kimya. Mpaka leo hajanipigia tena.

Kila asubuhi nawapima kwenye mizani ya jikoni, wanatakiwa waongeze kama gramu 10 kwa siku, naandika kwenye daftari. Mweusi siku moja kapungua gramu 3 nikashindwa kula. Mimi nimepungua kilo mbili, daftari langu liko wapi?

Usiku wa kuamkia leo huyo huyo mweusi kang'ang'ania chuchu ya chupa, masikio yanachezacheza kila akimeza, vimikono vinakanda hewa, mara jicho la kushoto likafunguka kidogo kama mlango wenye komeo. Yaani kitu cha kwanza kuona duniani ni mimi na ndevu za wiki nzima, taulo begani. Kaniangaliaaa, kapiga chafya ya maziwa, karudi kwenye chuchu.

Nikamwita mke wangu, njoo uone, kafungua jicho! Akajibu kutoka ndani ya blanketi, "hongera mume wangu, nitamwona asubuhi."

Alamu imelia tena, nakuja.