Kamera Ibaki Nje ya Kanisa la Chamula

Katika kanisa la San Juan Chamula, milimani Chiapas, kusini mwa Meksiko, hairuhusiwi kupiga picha ndani. Katazo hilo ni la Watzotzil wenyewe, Wamaya wenyeji wa milima hiyo. Napenda mno filamu za makala, na bado naliunga mkono kwa moyo wote.

Ndani hakuna mabenchi. Sakafu imetandazwa majani ya msonobari, na mishumaa imegandishwa chini kwa nta yake yenyewe. Familia hupiga magoti mbele ya mishumaa pamoja na mganga anayesali kwa Kitzotzil. Pengine wamekuja na kuku, na chupa ya poshi, pombe kali ya miwa. Mpiga filamu gani asingeitamani picha hiyo? Lakini aliyepiga magoti pale ana mgonjwa. Kumrekodi kwa siri, halafu ukasema unahifadhi utamaduni, ni wizi.

Na mambo yaliyo wazi kurekodiwa ni mengi! Zinacantán, jirani kabisa na Chamula, mwanamke hufuma akiwa amepiga magoti, nyuzi zimefungwa nguzoni upande mmoja, upande wa pili zimeshikwa na mkanda unaozunguka kiuno chake. Akiegemea nyuma zinakazika, akiinama zinalegea. Tunaonyeshwa sekunde chache za maua yaliyotariziwa, basi, picha imehamia sokoni. Mimi nataka kumwona akifuma hadi mwisho wa mstari, nisikie anavyomrekebisha binti yake kwa Kitzotzil.

Mtengenezaji filamu María Sojob, Mtzotzil wa Chenalhó, huko huko Chiapas, ametoa nafasi ya namna hiyo. Katika filamu yake Tote, ya mwaka 2019, amekaa na babu yake anayesuka kofia. Mjukuu hajifichi nyuma ya kamera, na babu anajua anazungumza na nani.

Wala Watzotzil hawaiogopi kamera. Huko huko Chenalhó, kijijini Acteal, wanamgambo waliua watu 45 waliokuwa katika sala na kufunga, tarehe 22 Desemba 1997. Mwaka uliofuata ulianza mradi wa kufundisha jumuiya za wenyeji wa Chiapas kutumia video, ili wajisemee wenyewe.

Kwa hiyo wafadhili waanzie hapo: walipie mafunzo na vifaa vya vijana wa Chamula na Chenalhó, wazee waione filamu kabla haijakamilika na wawe na haki ya kukata wasichokitaka, na nakala ibaki Chiapas, kwa lugha yao.