Kitanda kimoja kinatosha

Mwandishi wa makala ninayoijibu hapa anadai filamu ya kutisha isiyotoka chumba kimoja lazima imchoshe mtazamaji. Hapo tumepishana. Aitazame Gerald's Game, aliyoiongoza Mike Flanagan kwa ajili ya Netflix mwaka 2017. Mke kafungwa pingu mikono yote miwili kitandani, mume kafa ghafla kwa moyo, nyumba iko mbali na watu. Basi! Dakika 103 zinakwisha hujui zimepitaje.

Kilichonimaliza ni ile glasi ya maji kwenye rafu juu ya kichwa chake. Anahangaika weee, anaishika kwa ncha za vidole, halafu mdomo haufiki. Ikabidi aikunje lebo ya nguo yake iwe mrija. Mimi huku nameza mate tu. Na Carla Gugino anaigiza nafsi mbili za mke huyo, anayeteseka na yule anayemsuta, wala hukanganyikiwi.

Ninachokubali ni kwamba mwisho wake unaeleza mno, hasa ile sehemu ya mahakamani (samahani kwa ambao hamjaitazama). Ningekuwa mimi, ningekata akishaondoka tu pale nyumbani.