Sukari za Moyo? Sukari Gani Hiyo?

Kuna picha inazunguka kwenye simu za watu, imeshaizunguka Unguja yote na sasa imevuka hadi Pemba. Jani la kijani, moyo mwekundu, na maandishi makubwa: "Sukari za moyo kutoka kwenye mimea, tiba ya asili isiyo na kemikali." Chini yake watu wanaulizana kama mwenye kisukari naye anaruhusiwa. Mfasiri kakutana na neno lililotoka Kigiriki, glikosidi, jina la ukoo wa viini vya mimea vinavyoukamata moyo, kaona ndani yake mna utamu, kaandika sukari, kaenda zake kulala.

Siyo sukari. Au tuseme hivi, maana najua kuna mkemia ameshanyoosha kidole: sukari imo, lakini ni mkia tu. Chukua digoksini, dawa ya moyo ya ukoo huo. Mwili wake ni kiunzi cha steroidi chenye pete nne za atomi za kaboni, upande mmoja kimebeba pete ya tano ya laktoni, na upande wa pili zinaning'inia sukari tatu za digitoksosi, ambazo hutazikuta kwenye chai wala kwenye kashata. Mkia huo unasaidia dawa kuyeyuka, kufyonzwa na kung'ang'ania inapofika. Anayeukamata moyo ni kile kiunzi na laktoni yake. Kata sukari zote tatu, kilichobaki bado kinafanya kazi, ila kwa udhaifu. Kidonge kizima cha kawaida kina mikrogramu 250 za digoksini. Hata zingekuwa sukari tupu, sisimizi asingeshiba. Na vitu vya ukoo huu ni vichungu, vichungu hasa.

Baya zaidi ni kwamba kwetu "sukari" lina maana ya pili. Mtu akisema "bibi ana sukari", hakuna anayefikiria kopo la jikoni. Kwa hiyo "sukari za moyo" linasikika ama kama kitu kitamu kisicho na madhara, ama kama maradhi mapya ya kisukari yaliyopanda moyoni. Glikosidi si lolote katika hayo mawili. Andika glikosidi, kwisha. Tunasema vitamini, tunasema insulini, na mpaka leo hakuna aliyevunjika ulimi.

Nang'ang'ania jina kwa sababu jina ndilo linalotia hofu au kuiondoa, na hapa hofu inahitajika. Kila seli ya mwili ina pampu inayotoa sodiamu tatu nje na kuingiza potasiamu mbili ndani. Mdenmark Jens Skou ndiye aliyeigundua mwaka 1957, akaja kupewa Nobel kwa kazi hiyo mwaka 1997. Glikosidi inaikalia pampu hiyo kutoka upande wa nje na kuifunga. Sodiamu inalundikana ndani, kalsiamu nayo inakosa njia ya kutoka, na moyo uliochoka unapata nguvu ya kubana. Hapo ni dawa. Ukizidisha kidogo, kalsiamu ileile inaanza kuwasha mapigo mahali pasipo pake, moyo unaruka, unasita, unapapatika. Kwa mgonjwa wa moyo kushindwa kazi, kiwango kinachotakiwa kwenye damu ni nanogramu 0.5 hadi 0.9 kwa mililita. Ikipita 2, uko kwenye eneo la sumu. Pima mwenyewe upana wa mlango huo, kisha uniambie ni nani aliyeona inafaa kuubandika neno sukari.

Na hiyo "isiyo na kemikali"? Hata maji ya zamzam ni kemikali. Tuendelee.

"Ya asili" ndilo neno jengine linalonikera, na hapa nitawaomba Wapemba msaada. Mpemba anajua karafuu, anajua makonyo, yaani vikonyo vyake, anajua mpeta. Vyote vimetoka mti mmoja, pengine tawi moja. Nenda na gunia la makonyo ukaliite karafuu mbele ya mzani uone utakavyochekwa. Basi watu walewale wanaokataa kuchanganya karafuu na makonyo wanakubali kuambiwa kwamba jani na kidonge ni kitu kimoja! Nguvu ya jani hubadilika kwa umri wake, kwa msimu, kwa namna lilivyoanikwa. Zamani, Ulaya walipotumia unga wa majani ya Digitalis, jamii ya mimea yenye glikosidi hizi, ilibidi wapime nguvu ya kila fungu kwa kuwapa chura, paka au njiwa, kwa sababu macho na ulimi havikutosha. Taabu hiyo ilipungua baada ya digoksini kutengwa ikiwa safi mwaka 1930, kutoka kwenye Digitalis lanata. Chungu cha majani yaliyochemshwa nyuma ya nyumba hakina mikrogramu, kina bahati. Ule mti wa ua wa maua ya manjano yenye umbo la kengele, na ule wa maua ya rangi ya waridi wenye majani membamba mithili ya upanga, vyote vina glikosidi za ukoo huuhuu. Ni vya kupamba baraza. Si vya kutia kwenye birika, na watoto wasiachiwe kuchezea mbegu zake.

Nakubali, shingo upande, kwamba dawa hii ilitoka kwa waganga wa mitishamba. Daktari Mwingereza William Withering alipelekewa mwaka 1775 dawa ya siri ya bibi mmoja wa Shropshire, Uingereza, mchanganyiko wa mimea 20 au zaidi, akaubaini ule mmoja wenye nguvu, na mwaka 1785 akachapisha kitabu chake. Lakini miaka kumi hiyo aliitumia kwa nini? Kwa kupima dozi. (Jina "Mama Hutton" analopewa yule bibi lilizushwa karne ya 20 na tangazo la dawa. Hata huko majina hubandikwa tu.)

Digitalis lenyewe lina asili ya kupendeza. Mjerumani Leonhart Fuchs ndiye aliyeliandika mwaka 1542, kutokana na neno la Kilatini la kidole, kwa vile ua lake kwa Kijerumani huitwa jina la subana. Ndiyo, subana, ile ya kidoleni inayomkinga mshona kofia asijidunge. Ningependa kuuita mmea huo msubana na kufunga mjadala, lakini hauoti kwetu, na jina la kimataifa la dawa ni lazima libaki kama lilivyo ili bahasha ya Wete isomeke vilevile Muscat. Hapo nimeshindwa.

Nisiposhindwa ni kwenye "ouabaini", glikosidi nyengine ya ukoo huu. Hili neno ni la kwetu Afrika Mashariki! Wasomali waliita sumu yao ya mishale waabaayo. Wafaransa, ambao sauti ya "w" huiandika "ou", wakaliandika kwa hati yao, na mwaka 1888 mkemia wao Arnaud akatenga kiini chake kutoka kwenye mti wa jamii ya Acokanthera, jamii ya msunguti wetu. Sasa sisi, wenye "w" yetu nzima isiyo na kasoro, tunaliazima tena neno la jirani likiwa limevaa kanzu ya Paris. Andika wabaini. Kisha ukikuta "strofantini-g" kwenye vitabu vya zamani, ujue ni wabaini huyohuyo, safari hii katoka kwenye mmea wa Strophanthus gratus. Majina mawili, sumu moja.

Lakini kanuni yangu hii ya kurudisha majina ina shimo, na shimo lenyewe liko Zanzibar. Mmea mwengine wa jamii hiyo, Strophanthus kombe, ulipata jina lake kutokana na sumu ya mishale ya bonde la Zambezi na Shire. Aliyeileta kwa wataalamu wa Ulaya ni John Kirk, yuleyule aliyekuja kuwa konseli wa Uingereza hapa na kuwa na nyumba Mbweni. Alikuwa ameweka mswaki wake pamoja na sumu hiyo. Alipopiga mswaki akasikia ladha chungu, akajishika mkono, mapigo yamepungua. Haya, nenda kamwambie mgonjwa wa Makunduchi kwamba kombe ni dawa ya moyo. Kwake kombe ni aya zilizoandikwa kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, zikaoshwa kwa marashi na maji, akanywa asubuhi. Mgonjwa hunywa kombe. Hapa kwetu jina hilo lisitajwe peke yake kamwe. Liambatane na Strophanthus, na kiini kiitwe strofantini-k.

Sasa bahasha ya dawa, maana huko ndiko lugha inakoumiza watu bila picha wala moyo mwekundu. "Meza robo." Robo ya nini? Miligramu 0.25 ni robo miligramu, yaani kidonge kizima cha mikrogramu 250. Robo ya kidonge hichohicho ni mikrogramu 62.5. Aliyesema alikusudia moja, aliyesikia kafahamu nyengine, tofauti mara nne. Mzee mwenye figo dhaifu huenda hata hiyo 62.5 ikamtosha, kwa kuwa figo ndizo zinazoitoa, na hata kwa figo nzima nusu ya dawa huchukua saa 36 hadi 48 kuondoka. Kosa la leo litakuwa limelundikana ndani ya wiki.

Na "dawa ya moyo" ni jina gani? Kidonge cha kukojoza nacho ni dawa ya moyo. Furosemaidi, mojawapo ya hivyo vya kukojoza, inatoa potasiamu kwenye mkojo, potasiamu ikipungua digoksini inapata nafasi zaidi kwenye pampu, kwa vile wawili hao hugombea kiti kimoja. Amiodaroni, ambayo pia ni "ya moyo", inapandisha digoksini kiasi kwamba dozi kwa kawaida hukatwa nusu. Kwinini nayo huipandisha. Wala usikimbilie madafu kujirudishia potasiamu kwa kukisia. Mwenye figo mbovu itamlundikia.

Kichefuchefu, kukosa hamu ya kula, kuona umanjano au ukijani kwenye taa, mapigo chini ya 60 kwa dakika: usimeze dozi inayofuata, nenda hospitali na bahasha yako mkononi. Kipimo cha damu kichukuliwe angalau saa sita baada ya kumeza, vinginevyo namba itadanganya. Umesahau dozi ya jana? Usimeze mbili.

Kwa aliyeandikiwa mikrogramu 125, bahasha iandikwe hivi, kwa herufi kubwa na kalamu isiyofutika: DIGOKSINI, MIKROGRAMU 125, NUSU YA KIDONGE CHA 250, MARA MOJA KWA SIKU, ASUBUHI.