Miaka 64 ya Fred Risser: tuhesabu miaka au mamlaka?

Kila mjadala wa kuweka ukomo wa vipindi kwa wabunge wa majimbo ya Marekani unapopamba moto, Fred Risser wa Wisconsin hutajwa kama kioja. Aliingia bunge la jimbo hilo mwaka 1957, akahamia Seneti yake 1962, akaondoka Januari 2021 akiwa na miaka 93. Jumla miaka 64. Hata John Dingell wa Michigan, mwenye rekodi ya miaka 59 katika Kongresi, hamfikii. Tena baba yake, babu yake na baba wa babu yake wote waliwahi kuketi katika bunge hilohilo.

Wanaolalamika wana hoja. Madison, mji mkuu wa Wisconsin aliouwakilisha Risser, ni ngome ya Democratic, kwa hiyo mshindi wa mchujo wa chama hicho ndiye seneta, na kumvaa Risser kwenye mchujo kulikuwa kujitafutia aibu. Alipotangaza mwaka 2020 kwamba hagombei tena, walijitokeza wagombea saba wa chama chake. Saba! Hawakuanza kuwa na uwezo mwaka huo.

Lakini wanaohesabu miaka mara chache huuliza ilitumikaje. Chukua sigara. Wisconsin ni jimbo la baa, na chama cha wenye baa ni miongoni mwa vyenye sauti kubwa kwa wabunge. Risser alipigania hewa safi ndani ya majengo kwa miongo kadhaa. Miswada ilikufa, ikarudishwa, ikapunguzwa makali. Marufuku kamili, iliyogusa hata baa, ilianza kutumika Julai 5, 2010. Mbunge anayejua kwamba baada ya miaka sita hayupo angeanzisha vita vya namna hiyo? Wenye baa wangemsubiri tu amalize muda wake.

Au chukua 2011, gavana Scott Walker alipoleta muswada wa kuwanyang'anya watumishi wengi wa umma haki ya kujadiliana na mwajiri kupitia vyama vyao. Kwa kuwa ulikuwa na vipengele vya fedha, muswada huo ulihitaji akidi ya maseneta 20 kati ya 33, na Republican walikuwa 19. Maseneta wote 14 wa Democratic wakavuka mpaka kwenda Illinois, ambako polisi wa Wisconsin wasingeweza kuwarudisha. Risser, mwenye miaka 83, alikuwa mmoja wao. Baada ya wiki tatu hivi Republican waliondoa vipengele vya fedha na kupitisha vilivyobaki. Walioona huko ni kutoroka kazi siwalaumu sana, lakini huyo si mzee aliyekuja kusinzia kitini.

Kinachochanganywa hapa ni kukaa bungeni na kushika bunge. Risser alikuwa rais wa Seneti kwa miaka mingi, ila kila chama chake kilipopoteza wingi aliteremka na kurudi kwenye safu za kawaida. Mlinganishe na Michael Madigan wa jimbo jirani la Illinois: miaka 50 bungeni, 36 kati yake akiwa spika, na tangu 1998 pia mwenyekiti wa chama cha Democratic jimboni. Mtu yuleyule aliamua muswada upi ujadiliwe na fedha za kampeni ziende kwa nani. Mwaka 2025 alihukumiwa kifungo cha miaka saba na nusu kwa makosa ya rushwa. Kosa halikuwa kwamba wapiga kura wake walimpenda muda mrefu.

Ndiyo maana ukomo wa jumla naona unalenga pasipo. Michigan ilijaribu mwaka 1992: miaka sita katika Baraza la Wawakilishi, minane katika Seneti, basi, maisha yote. Wabunge wakawa wanaondoka ndiyo kwanza wameanza kuielewa bajeti, huku mawakala wa makampuni wanaoshawishi wabunge, ambao hakuna aliyewapigia kura, wakibaki korido zilezile. Mwaka 2022 wapiga kura wa huko walilegeza kamba na kumruhusu mtu jumla ya miaka 12 bungeni, katika baraza moja au yote mawili. Ukomo wa uspika na wa uenyekiti wa kamati ningeuunga mkono hata kesho.